Uso Niliouzoea

Montreuil,
9 Novemba 1966

Mpendwa shangazi Clotilde,

Shikamoo. Goti linasemaje? Huko Nouméa nadhani joto limeanza. Hapa tumeshatoa makoti kabatini. Mimi mzima, ila macho yananiwasha kwa kushinda gizani.

Baada ya miaka mingi ya kugundisha vipande vya filamu za wenzangu, mwaka huu nilipewa filamu nzima niihariri mwenyewe. Wewe ndiye uliyenikataza kukata tamaa, kwa hiyo furaha hii ni yako pia. Nilishinda chumbani na glavu zangu nyeupe, vipande vya filamu vikining'inia kama nguo kambani, na mara nyingine sikujua kama niko macho au naota.

Ndiyo maana nikafanya kituko. Jumamosi moja, kwenye duka la mikate, nilimwona Nicole Vaudry, mwigizaji wetu mkuu. Nikambusu mashavu yote mawili na kumuuliza kama yale mafua niliyoyasikia kwenye filamu yamepona. Maskini, hakunijua! Mimi najua hata anavyopepesa macho. Yeye hajawahi kuniona. Nilijitambulisha kwa aibu. Alicheka, akanieleza kwamba mama yake, ambaye hajawahi kukubali kuwa kuigiza ni kazi, atatoka Limoges siku ya uzinduzi ili amwone kwenye filamu akilia katika kituo cha treni.

Shangazi, hebu fikiria. Sehemu hiyo ya kituoni Bwana Lescure, mwongozaji, alikuwa ameniagiza niitoe asubuhi ileile. Kilio chenyewe kilikuwa cha kujilazimisha, hata mimi nilikiona.

Jumatatu nikarudi kwenye vipande vilivyokatwa, maana sisi hatutupi kitu mpaka filamu itoke. Mwishoni mwa kile cha kituoni, baada ya mwongozaji kusema basi, kamera ilikuwa bado inazunguka. Nicole amefuta machozi, anatazama reli, amechoka, hajui kama anatazamwa. Nikaweka hicho badala ya kilio. Bwana Lescure alikitazama mara mbili.

"Kiache, bibie. Ila usimwambie mtu kwamba nilitaka kitupwe."

Basi nawe usimwambie mtu.

Jana ulikuwa uzinduzi. Mama yake Nicole alikaa mbele yangu, mkoba mapajani. Kipande kile kilipopita, alimshika Nicole mkono.

"Ulikuwa hivyohivyo siku ile ulipoondoka nyumbani. Nilikuona kutoka dirishani, nikajifanya sikuoni."

Nicole akamwegemea begani. Mimi nililia waziwazi.

Nisalimie Anselme na Bibi Léonie. Baba anakukumbuka sana. Mungu akulinde, akupe usingizi mwororo.

Ni mimi nikupendaye toka utotoni,
Huguette