Tulishinda Bila Sauti ya Masasi

Mama Fabiola,

Salamu kule Butembo, kwa dada yako. Mimi niko muzima, na kuku zako pia.

Jana ekipe yetu ilishinda ile muchezo ya vita ya mu telefoni, na shefu ni mimi, muzee wa hapa Katoyi! Jirani Achille alilalamika: "Papa, adui iko nyuma, hausikie?" Nikamujibu: "Macho yangu inatosha. Wewe fwata!" Tukawapiga wote.

Sauti nilizima. Uliondoka ukisema masasi ya bunduki za kweli tulisikia ya kutosha, haina lazima tusikie na ya telefoni. Usiwaze nilizima kwa sababu yako. Ni batri inaisha mbio.

Sasa nyumba iko kimya, hata imepita kipimo. Kuja basi.

Bwana yako,
Kapiteni Donat