Hirizi ya Afande

Walukuba, Jinja. Alhamisi, Machi 1996

Hakutaka kuketi karibu nami. Nilimtandikia mkeka, akabaki mlangoni na buti zake, mwanajeshi mzima anaogopa kunisogelea.

Hirizi ile nilimwandikia mimi kabla hajapelekwa vitani kaskazini: jina lake, jina la mama yake na maneno ya kinga, kwa wino wa zafarani. Leo alitaka niiondoe.

"Mzee, toa hii kitu kwa mwili yangu. Risasi inakuja kwangu, inapita, inapiga mwenye nasimama naye. Kila mara. Mtoto yangu amezaliwa, hata sijambeba."

Hirizi haitupwi ovyo. Aliyeiandika ndiye huifumua, akaosha karatasi, na maji akayamwaga pasipopita mtu. Basi nikakata uzi, nikafungua ngozi, nikakunjua karatasi.

Ilikuwa tupu. Jasho hufuta wino, hilo nalijua, lakini huacha doa. Hii ilikuwa nyeupe kama imetoka dukani leo.

Nikampa mgongo, nikaiosha hivyo hivyo asiione. Maji nikayamwaga nyuma ya nyumba.

"Imeisha, Mzee?"

"Imeisha, Afande."

Ndipo aliponikaribia, akanishika mkono kwa mikono yake yote miwili, akapanda boda kwenda kwake Bugembe.

Kama maneno hayamo kwenye karatasi, yamehamia wapi? Nilipaswa kumwita arudi. Nilisimama tu pale mlangoni.

Saa hizi mtoto amelala kifuani pake, kwa sababu mimi nilisema imeisha.