Verediana na Wiki za Giza

Jumatatu, 7 Juni 2021
Wewe uliyeokota daftari hili, nakusihi lifunge. Kama umeshasoma, meza. Usimwambie hata mama yako. Mkataba wangu unaisha mwezi huu.

Bosi Alphonce amepiga kutoka Dar. Eti kwa nini Verediana, karani mwenzangu, huomba kufanyia kazi nyumbani wiki zile zile kila mwezi? Nichunguze, nimjibu Alhamisi, kabla hajasaini mikataba mipya. Mimi! Karani wa kupokea simu za wakimbizi, leo mpelelezi. Na bosi mwenyewe yuko nyumbani kwake — jogoo wake anawika kila akitamka "nidhamu".

Cha kuchunguza kipo? Mwezi usipoonekana, dagaa wanafuata taa za wavuvi, ufukwe wa Kibirizi unajaa. Verediana ananunua, anaanika, huku anapokea simu za kambini. Ofisi nzima tunajua.

Jumatano, 9 Juni
Nimemwuliza bosi kwa upole: kazi ya Verediana ina kasoro? Hapana, safi kabisa. Shida ni kwamba yeye hamwoni ofisini. Basi! Wakati wa korona tulihudumia watu kutoka vyumbani mwetu, tukasifiwa. Sasa kukalia kiti ndiyo kazi. Nilitaka kumwambia hivyo. Nikasema, "Sawa, mkuu." Najichukia.

Alhamisi, 10 Juni
Nimepanda boda hadi Kibirizi kumwonya. Nimemkuta ameinama juu ya dagaa, simu kaibana begani, anamtuliza mama wa Kirundi aliyepotezana na mwanawe. "Amahoro, mama, amani. Tunamtafuta." Mama huyo mimi alinikatia simu mara mbili — ofisini kwetu sauti inajirudia kama kwenye chumba cha polisi, anaogopa.

Nilimweleza Verediana, kaziba simu kwa kiganja. Akacheka!

"Mdogo wangu, mwambie tu. Mshahara hausomeshi watoto wanne, dagaa wanasomesha. Wakitaka kazi, wanaipata. Wakitaka makalio yangu kwenye kiti, wanisamehe."

"Na mkataba wangu, dada?"

Hakucheka tena. Akarudi kwa yule mama.

Bosi anapiga. Kwa video! Sijapokea. Nyuma yangu dagaa, kila upande dagaa. Ameandika: washa kamera, nione ulipo.

Anapiga tena. Sipokei.

Atakayenitafuta, namba ya ofisi asiipige. Aje Gungu, aulize nyumba ya Bibiana fundi cherehani, mimi mpangaji wa chumba cha uani. Nisipokuwepo, aje Kibirizi — wiki ya giza, nitakuwa naanika dagaa.