Tundu Kwenye Ngozi ya Fisi Maji

Bwiza, Bujumbura
Ijumaa, baada ya sala

Mama yangu,

Asalaam aleikum. Naomba barua hii ikukute umeketi, maana najua miguu yako inavyovimba ukisimama jikoni. Dawa niliyotuma ilifika Rumonge? Na mdogo wangu Mariamu, homa imemwacha? Mimi ni mzima. Risasi tunazisikia kwa mbali, upande wa milimani.

Unanijua, Mama, mbele ya watu mdomo wangu hufunga. Haya ningeshindwa kukusimulia hata wewe, ndiyo maana naandika.

Tangu niache shule nashona kwa rafiki yako, Mama Zuhura. Wiki tatu zilizopita aliingia mwanaume aitwaye Ramazani, mwenye jino la dhahabu, amebeba furushi la ngozi. Nilizitambua mara moja kwa yale madoa meupe ya kooni. Zilikuwa za fisi maji. Tangu wanajeshi wakataze watu kuvua, wanyama hawa wamerudi kwenye matete ya Kibenga, kando ya ziwa, na Jumapili huwa nakwenda kuwaangalia. Kuna jike mwenye watoto wawili. Wanaviringishana majini na kuitana kwa miluzi. Babu amewatukana maisha yake yote kwa kumchania nyavu, lakini hajaua hata mmoja. Mwalimu wetu wa sayansi alitueleza kwamba kuna wengine wanaoishi kwenye bahari za baridi. Watu waliwaua kwa ajili ya manyoya yao mpaka wakakaribia kwisha, na walipona pale tu watu walipokatazwa.

"Ni mishipi ya madereva," Ramazani alimwambia Mama Zuhura. "Mutu akivaa, risasi inateleza sawa na maji." Halafu akanigeukia. "We mutoto, ziba matundu yote. Sitaki mutu aone kitu."

Nilipitisha kidole, Mama. Matundu yalikuwa ya mviringo, na manyoya ya pembeni yameungua. Wanyama wale walipigwa risasi.

Hapo nikamkumbuka kaka Hamisi. Unakumbuka alivyotuonyesha mshipi wake, akasema ameuziwa Bwiza na mtu mwenye jino la dhahabu? Ulimwomba awe anasubiri boti, maana magari yalikuwa yakipigwa risasi barabarani. Akacheka: "Boti ya nini, Mama? Mi niko na huu." Safari iliyofuata alipanda lori, akaletwa kwako ndani ya shuka. Waliomwosha wakamvua mshipi, wakakukabidhi.

Basi sikuziba. Kila tundu nililizungushia uzi mwekundu, vile tunavyoshona tundu la kifungo. Nilishona siku tatu, na kila nilipochoma sindano nilikuwa namchoma Ramazani. Mama Zuhura aliona. Alinisogezea kibunda kingine cha uzi mwekundu.

Jumamosi madereva walikuja kuchukua mishipi yao. Ramazani aliigawa ikiwa bado imefungwa kwenye magazeti. Juma, yule wa lori la mawese, akaufungua wa kwake.

"Na hii ni nini? Nafasi ya kifungo?"

Wakacheka. Ramazani akabadilika uso. "Apana, huyu mutoto ameharibu!"

Sijui sauti ilitoka wapi. Nikasema, "Mi sikuharibu. Ni tundu la risasi. Fisi maji alivaa hii ngozi toka puani mpaka mkiani, na bado alikufa."

Juma akaingiza kidole tunduni, akakichezesha upande wa pili.

"Ramazani, baba yangu, vaa wewe. Kesho twende wote, ukae mbele."

"Mbele kabisa!" mwingine akadakia. "Juu ya kabini!"

Hakuvaa. Wakamtoa nje, wakamtupia mishipi shingoni, wakamsindikiza kwa zomeazomea mpaka mwisho wa barabara. Nami nilifuata nyuma nikizomea. Mimi, Mama, ambaye hata darasani sikunyanyua mkono.

Nilidhani nitatosheka. Sikutosheka. Jumapili nilikwenda Kibenga nikamwona yule jike, lakini alikuwa na mtoto mmoja tu. Na sasa Ramazani anazunguka akisema mishipi mingine yote ilikuwa mizima, hata wa Hamisi, na kwamba Hamisi alikufa kwa kukosa imani. Imamu amemwita aje aseme hivyo mbele ya wazee, Ijumaa ijayo. Amekubali, kwa sababu anajua mshipi uko mbali.

Mama, najua unalala nao chini ya mto. Najua ndicho kitu cha mwisho kilichogusa mwili wake. Lakini chukua wembe, fumua bitana upande wa ndani, polepole. Ukikuta kiraka, kitoe. Kisha mpe mshipi Juma, ndiye anayekuletea barua hii kwa boti, na atarudi Jumatano. Sitaki Ramazani apigwe. Nataka aingize kidole chake mwenyewe mle tunduni, wazee wakitazama, halafu arudie lile neno kuhusu imani ya kaka yangu.

Nisalimie shangazi anayeuza samaki wa ndagala, na mjomba fundi baiskeli. Babu mwambie wanyama wake wabaya wapo bado. Mbusu Mariamu.

Ni mimi binti yako, yule asiyesema,
Amina

Ndani ya bahasha nimeweka uzi mwekundu na sindano. Ukilipata tundu, Mama, lizungushie kwa mkono wako.