Miwani ya Fotokromiki Msibani

"Vua hiyo miwani ya jua! Kaka yangu anazikwa, wewe unajipamba!" Shoga, wifi alinifokea hivyo pale kaburini, mbele ya watu wote. Mimi, mjane wake!

Nikamwambia hii ni fotokromiki, yaani lenzi zake huwa nyeusi juani na angavu ndani. Akanicheka: "Fotokromiki! Diploma mpaka msibani!"

Diploma mpaka msibani, shoga!

Nikamburuta hadi ndani ya ofisi ya makaburi. Tukasimama, weusi wa lenzi ukafifia taratibu, akaona macho yangu yalivyovimba. Akaangua kilio: "Wifi, sasa nami nitatokaje na macho haya?"

Nikavua miwani, nikamvisha. Lenzi zangu ni za kuonea, tena kali: yeye hakuona kitu, nami bila hizo niliona ukungu tu. Nikamshika mkono, tukarudi kumzika mtu wetu.