Sura ya Nne Ni Uongo Wangu

Papa Asukulu, mume wangu,

Ulinichosha ulipokuwa hai, na hata kaburini bado unanichosha. Nilidhani tukishakuzika hapa Baraka mambo ya Wagiriki yamekwisha, nami nitapalilia muhogo wangu kwa amani. Kumbe! Wiki iliyopita Mwalimu Riziki, yule mwanafunzi wako wa Fizi ambaye siku hizi ana mvi kunizidi, alishuka kwa pikipiki amekumbatia daftari zako zote. Mwaka mzima amekuwa akizinakili kwenye kompyuta. Kuna watu Ulaya wanaotaka kuchapa kitabu chako, kile cha namna Wagiriki wa kale walivyoimba, na wanahitaji sahihi ya mjane. Nikamwambia sitii sahihi kwenye kitu nisichokijua, anisomee kwanza.

Laiti ningetia tu.

Alipokuwa akisoma nilikuona tena. Nilikuona mtoto kanisani Kazimia, hadithi uliyonisimulia mpaka nikaijua kuliko wewe, mama yako akifunga mdomo kila walipofika mstari mmoja wa wimbo. Waliotafsiri wimbo ule walikuwa wamepandisha sauti mahali ambapo lugha yetu ya Kibembe inashusha, na mbingu ikageuka neno ambalo mtu halitamki mbele ya mkwe. Ugonjwa wako ulianzia hapo. Halafu seminarini padri akakufundisha Kigiriki, akakueleza kwamba na wao zamani maneno yao yalipanda na kushuka, na kwamba kuna mawe yenye nyimbo zao, alama za sauti zimechongwa juu ya maneno. Wasomi wakubwa walikuwa wakibishana kama wimbo ulifuata maneno au haukuyajali. Ukacheka. Ukasema wangekuja kumuuliza mama yako.

Upadri ukauacha, ukanioa. Watu wakasema umemwacha Mungu kwa ajili ya mwanamke. Hawakujua kwamba hata mimi nilikuja nyuma ya Wagiriki.

Nikukumbushe vita? Tulipokimbia kuvuka ziwa nilibeba mtoto wetu Asukulu mgongoni na sufuria kichwani. Wewe ulibeba daftari. Tuko majini tayari nikakuuliza, "Papa, godoro iko wapi?" Ukasema, "Nilisahau." Kambini kule Tanzania sisi tulilala chini, Wagiriki wakalala ndani ya mfuko wa nailoni. Nilikutukana siku tatu mfululizo. Na ile safari wasomi walipokualika Ulaya ukaseme mwenyewe, viza ikakataliwa, mtu mwingine akasoma maneno yako mbele ya wenzake. Ulifurahi kana kwamba ni wewe uliyesimama pale. Aliyelia ni mimi.

Basi Riziki akafika sura ya nne, na mimi nikaacha kuchambua maharagwe.

Unaikumbuka ile siku? Tulikuwa tumesharudi Baraka. Nilikuwa jikoni, nimebandika majani ya muhogo, ukaja na kinasa sauti chako.

"Mama Asukulu, kuja kwanza. Imba ile ya kutwanga, na beti ya pili."

"Mi niko na sombe ku moto."

"Ni kidogo tu."

"Kila siku kidogo! Bale Wagiriki yako batatupikia?"

"Kidogo tu, mama."

Ulitaka kujua jambo moja. Katika ubeti wa kwanza wimbo unafuata maneno, hilo ulishalijua. Ubeti wa pili una maneno mengine. Je, mwimbaji anaukunja wimbo uyafuate maneno mapya, au anauacha vilevile na maneno yajitafutie nafasi? Wanaume hawatwangi, hukuwahi kuusikia mpaka mwisho. Lakini kila mwanamke wa huku anajua jibu. Tunaukunja, la sivyo unatwanga huku unasema upuuzi. Nikasikia harufu ya sombe inaungua. Hasira ikanipanda, nikauimba ubeti wa pili mbio mbio kwa sauti zilezile za ubeti wa kwanza, makusudi kabisa, maneno yakatoka hayana kichwa wala miguu. Nilitaka uudhike kama nilivyoudhika mimi.

Wewe ukaruka. Mtu mzima, uliruka! Ukanibusu mbele ya majirani, ukakimbilia meza yako, mimi nikabaki kukwangua sufuria. Nikasema nitakuambia kesho. Kesho yake ulikuwa ukipiga mluzi tangu asubuhi, sikuweza. Baadaye nikasahau.

Kumbe umejenga sura nzima! Kurasa kwa kurasa, kwamba na Wagiriki katika ubeti wa pili waliacha wimbo uyashinde maneno. Na chini umeandika: kwa ushahidi wa mwimbaji mmoja wa Baraka, asiyekosea. Asiyekosea! Jirani yetu alikuwa hatua kumi kutoka mlangoni, anatwanga kila siku ya Mungu. Ungemuuliza yeye ungekufa?

Nikamwambia Riziki.

"We ulimudanganya, mama? Kweli?"

"Nilimudanganya."

"Juu ya nini?"

"Juu ya sombe."

Alifunga daftari. Kisha akaniambia sura ya tano imeegemea ya nne, na zikianguka zote mbili, pengine hawatakichapa kitabu. Asukulu naye akanipigia simu kutoka Uvira: "Mama, achana na hiyo. Bale bantu ba Ulaya batajua namna gani?" Njia ya mwongo ni fupi, wanasema. Yangu ilikuwa imebakiza sahihi tu ifike Ulaya. Siku nne nililima bila kuona ninacholima. Nikinyamaza, uongo wangu unasomwa duniani kwa jina lako. Nikisema, ni mimi ninayeizika kazi yako baada ya kukuzika wewe.

Jana nilipanda kwenda Fizi. Nimeimba kwenye simu ya Riziki, ubeti wa kwanza na wa pili, taratibu, kama tunavyouimba. Sauti imezeeka lakini maneno yametoka mazima. Riziki alitaka kuandika eti utafiti wa baadaye umeonyesha hivi na hivi. Nikakataa. Andika, nikamwambia: bibi yake alimdanganya kwa hasira, na sasa anasahihisha. Na jina langu uliweke lote. Akaandika, nikatia sahihi. Kama watakichapa, sijui.

Nina hasira na wewe, Papa Asukulu, acha nikuambie kwa nini. Maisha yetu yote ulibishana nami. Jina la mtoto, njia ya kwenda shamba, mvua kama itanyesha, chumvi kama imetosha. Mara moja tu uliniamini bila kumuuliza mtu mwingine, na ni mara hiyo niliyokudanganya. Ningekupata leo ningekugombeza mpaka jua litue, halafu ningekuomba msamaha.

Pumzika basi, kichwa ngumu wangu. Safari hii nimeimba vizuri.

Bibi yako,
Mama Asukulu