Fidla Iliyopita Picha

Mjukuu wangu Ruweida,

Huko Maskati hamjambo? Sisi hapa Harrow, London, twashukuru, na goti la bibi yako limetulia.

Umeniuliza yule Mpolandi ninayezuru kaburi lake alikuwa nani kwangu. Alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu na televisheni. Kama mimi baada ya Mapinduzi, naye hakuweza kurudi kwao.

Aliniita nipige fidla katika filamu ya mama anayewaaga wanawe. Tulirekodi huku picha ikionyeshwa mbele yetu, naye kashika saa mkononi, maana muziki ulitakiwa uishe pamoja na picha. Nilipofika mwisho nikamwona Mpolandi analia. Kwetu kwenye taarabu, msikilizaji akilia humwachi hapo, unamrudishia kibwagizo. Nikakirudia. Picha ikazima, mimi bado napiga.

Mwenye filamu akakasirika. Mpolandi akamwambia, "Mwache. Huyo mama bado hajafika anakokwenda."

Filamu ilipoonyeshwa kwenye televisheni, kibwagizo changu walikikata. Mpolandi akaendelea kutunga kwa saa yake miaka mingi, mpaka akafia hapa hapa London.

Siku ya maziko nilikwenda na fidla. Nikampigia kibwagizo kile, nikakirudia mpaka mwisho, na safari hii hakuna aliyenikata.

Akuombeaye kila siku,
Babu yako